Cheti cha afya cha dereva wa lori: gharama ni ya nani?

Dereva wa masafa marefu anayepita Nathenje kwa barabara ya M1 hubeba hati nyingi, na mojawapo huweza kumsimamisha hata gari likiwa zima. Afrika Kusini, kwa mfano, kibali cha dereva wa kulipwa hudumu miezi 24, wala hakihuishwi bila cheti cha daktari.

Sharti hilo lina msingi. Kisukari na shinikizo la juu la damu huweza kudhoofisha macho au kumwangusha mtu ghafla. Lakini dereva anayelipwa kwa safari hukosa ujira siku ya kupimwa, na akikutwa mgonjwa huenda akakosa kazi. Si ajabu wapo wanaopendelea kununua muhuri kuliko kumwona daktari.

Januari 2022, Uganda ilipodai madereva wapimwe Uviko-19 kwa dola 30, waligoma. Malori yakajaa Malaba na mafuta yakaadimika Uganda, hadi masharti yalipolegezwa. Kilichogomewa hasa ni ada na kungoja. Waajiri na wenye mizigo wangelipa, ugomvi ungekuwa mdogo.

Kwa mkimbizi wa Dzaleka aliyewahi kuendesha malori Kongo au Burundi, kikwazo huanza kabla ya kliniki. Malawi huvichukulia vifungu vya Mkataba wa Wakimbizi wa 1951 kuhusu ajira na uhuru wa kutembea kuwa mapendekezo tu, na mwaka 2023 iliwaamuru wakimbizi waishio mijini warudi kambini.