Ratiba Tunayo, Iko Mwezini

Leo naweka kando hifadhidata na lugha za programu, nizungumze habari ya safari. Msikimbie, programu zitarudi kabla sijamaliza. Nina hoja moja tu: safari fupi ya kutembelea miji ya kale ya pwani yetu haipangwi kwa kilomita. Inapangwa kwa maji kujaa na kupwa. Na programu za ramani tunazotembea nazo mifukoni, zinapotuchorea njia, hazitazami maji hata kidogo, ingawa hesabu yake ilijulikana kabla ya babu zetu kuzaliwa.

Tuanzie mbali kidogo. Andika kwenye wavuti kwamba una siku nne za majira ya baridi na unataka kuona miji ya kale ya Japani. Utapangiwa safari mpaka dakika ya mwisho. Utapelekwa Takayama, mji wa milimani wenye mitaa ya nyumba za mbao, na kutoka hapo utapanda basi kwenda kijiji cha Shirakawa-go, mwendo wa kama dakika 50. Kijiji hicho hakina kituo cha treni, lakini mgeni asiyejua hata neno moja la Kijapani anafika na kurudi salama, kwa kuwa ratiba za mabasi ziko wazi na programu zinazisoma.

Jambo la pili ni kwamba watu wengi huenda kule wakati wa theluji makusudi. Nyumba za Shirakawa-go, zilizoingia katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 1995, zina mapaa marefu ya nyasi yaliyosimama kama viganja vya mtu anayeomba. Ziliezekwa hivyo ili zihimili theluji. Ukienda kiangazi utaona paa zuri. Ukienda kwenye theluji utaelewa kwa nini liko vile.

Nasema pwani yetu inayo yote mawili: ina majira yanayoieleza, na ina ratiba. Tatizo ni kwamba majira hayo tunayakimbia, na ratiba hiyo hatujaiandika mahali ambapo mgeni ataiona.

Tuchukue majira kwanza. Kati ya Juni na Agosti ni kipupwe. Kusi inavuma, jua halichomi kama la Februari, na bahari imechafuka. Mwani hutupwa ufuoni, na maji ya Watamu hayaonyeshi matumbawe kama yanavyoonyesha wakati wa kaskazi. Kwa hiyo watu husema pwani imefunga. Mimi nasema imefunga kwa mwenye kutaka kupiga mbizi tu. Kwa mwenye kutaka kutembea kwa miguu ndani ya magofu ya Gede saa sita mchana bila kulowa jasho, huu ndio wakati wake. Tena shilingi unayoiacha Julai kwa mtembeza wageni, mwenye mtumbwi au mama wa mahamri ina uzito kuliko ile ya Desemba, wakati kila mtu ana mteja.

Zaidi ya hapo, kusi ni sehemu ya historia yenyewe. Majahazi kutoka Arabuni, Ghuba na Bara Hindi yalikuja na kaskazi yakarudi na kusi. Ndiyo maana wachimbuzi wa mambo ya kale walikuta Gede vyombo vya kaure vya Kichina, ushanga wa Venice na mkasi wa Kihispania, vitu ambavyo havikuja kwa barabara. Ndiyo maana Malindi iliweza kumpeleka twiga mpaka kwa mfalme wa China mwaka 1415. Watu waliojenga miji hii waliishi kwa upepo na maji. Kuitembelea bila kutazama upepo na maji ni kama kwenda Shirakawa-go ukashangaa paa limeinamia nini.

Sasa tuje kwenye ratiba. Hapa Kikambala mwamba uko mbali na ufuo. Maji yakipwa unaweza kutembea mbali sana juu ya mchanga na majani ya bahari, ukatazama vidimbwi vyenye samaki wadogo na viumbe vya kila rangi. Yakijaa, hapo hapo ni bahari. Ramani kwenye simu itakuonyesha rangi ya buluu asubuhi na jioni, siku zote.

Na tofauti si ndogo. Siku za bamvua maji hupanda na kushuka kama mita 3, na bamvua kubwa hukaribia mita 4. Siku za maji mafu tofauti hupungua sana. Kutoka kujaa mpaka kujaa tena ni wastani wa saa 12 na dakika 25, kwa hiyo kila siku maji huchelewa kwa wastani wa dakika 50. Hapa kwetu, mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, maji hupwa karibu saa nne au saa tano asubuhi na kujaa karibu saa kumi au kumi na moja jioni. Wiki moja baadaye mambo hugeuka: kujaa ni kati ya asubuhi na adhuhuri, kupwa ni jioni, na hata kupwa kwenyewe si kwa kina.

Hiyo ndiyo ratiba. Wavuvi wanaijua kwa kutazama tarehe ya mwezi. Mamlaka ya Bandari ya Kenya huchapisha majedwali ya maji ya bandari ya Mombasa. Na hesabu yake si siri: katika miaka ya 1870 William Thomson, aliyekuja kuitwa Lord Kelvin, alibuni mashine ya magurudumu na kamba iliyokokotoa maji ya mwaka mzima. Jambo lililofanywa na magurudumu ya shaba zaidi ya miaka 150 iliyopita, simu yako inaweza kulifanya kabla hujapepesa jicho.

Natoa mfano wa siku tatu, kuanzia Kikambala, wiki ya bamvua ya Julai.

Siku ya kwanza usiende mbali. Asubuhi maji yamekupwa, tembea pwani hapa hapa Kikambala. Vaa viatu kwa ajili ya miiba, na geuka mapema, maana maji yakirudi hayapigi hodi: hujaza mikondo iliyo nyuma yako wewe ukiwa bado unatazama mwamba. Mchana rudi kusini kuelekea Mtwapa uone Jumba la Mtwana, mji wa karne ya 14 uliojengwa kando ya bahari kabisa, wenye magofu ya misikiti na nyumba chini ya mibuyu. Jioni maji yamejaa, na hapo utaona jinsi msikiti wake wa pwani ulivyokaribiana na bahari.

Siku ya pili panda matatu ya Malindi pale Majengo. Shuka kabla ya daraja la Kilifi, usivuke kwanza. Magofu ya Mnarani yako upande wa kusini, juu ya hori ya bahari, pamoja na makaburi yenye minara na msikiti wenye maandishi yaliyochongwa kwenye mawe. Kabla ya daraja kufunguliwa mwaka 1991 watu walivuka hapo kwa feri, na ukisimama juu utaelewa kwa nini mji ulikaa pale. Kisha endelea Gede. Mji huo ulihamwa karne ya 17, msitu ukaumeza, na mwaka 2024 ukaingia orodha ya Urithi wa Dunia. Mchana ni wakati wake mzuri kwa kuwa miti inatoa kivuli. Alasiri, maji yakianza kujaa, nenda Mida upande mtumbwi katikati ya mikoko. Usiende Julai kutafuta makundi ya ndege wahamiaji, wengi wao wakati huo wako kaskazini ya dunia.

Siku ya tatu ni Malindi. Tazama makaburi yenye minara kando ya Msikiti wa Juma na nguzo ya Vasco da Gama, aliyefika hapa Aprili 1498. Halafu chagua kimoja: Mambrui, mji mkongwe wenye kaburi lililopambwa kwa bakuli za Kichina, au Marafa, ambako ardhi imemomonyoka ikaacha magenge mekundu na meupe yanayopendeza zaidi jua likiwa linashuka. Usijaribu vyote viwili. Ramani itakwambia inawezekana, lakini utakuwa umeona barabara tu.

Kama siku zako tatu zinaangukia maji mafu, mpango unageuka. Matembezi ya Kikambala yaache, hayatakuwa na raha. Mida iende asubuhi. Jumba liende jioni ya siku yoyote. Umbali haukubadilika hata mita moja, lakini safari ni nyingine kabisa.

Hapa ndipo narudi kwenye kazi yangu. Programu za ramani zinafuata mawazo ya hesabu aliyoichapisha Edsger Dijkstra mwaka 1959: kutafuta njia fupi kati ya nukta mbili. Ni hesabu nzuri, naitumia kazini. Lakini safari ya pwani ni swali la aina nyingine, lile ambalo kila mahali pana saa zake za kufunguka na kufungika, nawe unatafuta mpangilio unaoziingia saa zote. Wenye malori ya kusambaza bidhaa wana programu za swali hilo zamani. Tofauti ni kwamba mlango wetu hufunguliwa na mwezi badala ya bawabu. Kwa mtaalamu wa kompyuta hilo halina ugumu wowote, ni safu moja zaidi kwenye jedwali.

Kinachokosekana ni mtu wa kukaa chini na kuandika. Tuna mfano wa karibu. Matatu za Nairobi hazikuwa na ratiba wala ramani, na wengi waliamini hazipangiki. Wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Nairobi, pamoja na wenzao wa vyuo vya Marekani, wakazipanda na simu mikononi wakarekodi njia na vituo katika mradi ulioitwa Digital Matatus. Mwaka 2014 ramani na data zikatolewa bure, na mwaka 2015 njia hizo zikaonekana kwenye Google Maps. Hakuna kilichovumbuliwa pale. Walichukua ujuzi wa makanga na abiria wakauweka katika umbo ambalo kompyuta inalisoma.

Najua kuna atakayesema: wazee wa pwani wanajua maji, mgeni aulize tu. Ni kweli, na aendelee kuuliza, kwa sababu jedwali halijui upepo wa leo, nahodha anaujua. Lakini mgeni wa Kitale anayepanga safari yake usiku wa manane hana mzee wa kumuuliza. Anachagua tarehe, analipa chumba, anafika, anakuta bahari imeondoka au imejaa wakati asioutaka, anarudi nyumbani akisema Kikambala haina kitu. Hasara hiyo inamwangukia mwenye mtumbwi, haimwangukii mwenye programu ya ramani.

Pia nasema kuna mahali pasipofaa kupigwa alama na kuachwa wazi. Misitu ya makaya ya Mijikenda iliingia orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2008, lakini bado ni mahali pa ibada, na pa kuingia kwa idhini ya wazee. Programu nzuri iwe na sehemu ya kusema hivyo: hapa omba ruhusa kwanza, na usipopewa, pita. Japani nako kuna mahekalu mgeni asipoingia, na hakuna anayelalamika.

Ninachotaka ni programu ndogo tu. Unaipa tarehe na mahali unapolala, inakwambia maji yatakuwa wapi, jua litatua saa ngapi, na ni kipi kianze. Iandikwe kwa Kiswahili tangu mwanzo, itumie saa zetu, na maneno yake yawe yale ya wavuvi: bamvua, maji mafu, kujaa, kupwa. Ifanye kazi hata mtandao ukikatika, maana majedwali ya mwaka mzima ni madogo kuliko picha moja ya simu.

Kama wewe ni mwandishi wa programu na unaona hii ni kazi ya wikendi mbili, uko sawa, niandikie tugawane. Kama wewe ni mvuvi au mwana wa mvuvi kuanzia Mtwapa hadi Mambrui, wewe ndiye ninayekuhitaji zaidi, uniambie pale kwenu maji yanatangulia au yanachelewa kwa dakika ngapi kuliko Mombasa. Na kama wewe ni msafiri tu, kabla hujalipia chumba Julai hii, toka nje usiku utazame mwezi umefikia wapi.