Mchezo wa Bei na Mfuko wa Aliyeshindwa

Kuna waungwana wasemao kwamba kila mchezo wa zawadi katika televisheni ni kamari. Na kuna vijana wasemao kwamba mradi serikali imetoa leseni, hakuna ubaya. Kwa maoni yangu, pande zote mbili zimeteleza.

Tuutazame mchezo mmoja mashuhuri. Huko Marekani kuna kipindi cha mchana kiitwacho The Price Is Right. Kilianza mwaka 1956, kikakoma 1965, kisha kikarudi 1972 kikiongozwa na Bob Barker, ambaye mwaka 2007 alimpisha Drew Carey. Washindani huitwa kutoka miongoni mwa watazamaji, ambao huingia bure. Huonyeshwa kitu, tuseme jokofu, na kila mmoja hukisia bei yake. Aliyekaribia zaidi bila kuipita bei yenyewe hukichukua.

Kipindi hicho kina ila yake, kwani ni tangazo refu la biashara na humzoeza mtu kutamani. Lakini mama auzaye nazi pale Tezo, kando ya barabara ya Kilifi kwenda Malindi, ambaye hujua bei kwa kutupa jicho tu, angeitwa kule angeshinda kwa ujuzi wake. Na angekosa, asingepoteza hata senti.

Hapo ndipo penye mpaka. Maisiri iliyoharimishwa katika Sura ya Maida, aya ya 90, ni mtu kuweka chake akitaraji cha mwenziwe, ama apate ama akose. Sasa iko michezo ya redio na televisheni humu nchini imtakayo msikilizaji atume pesa kwanza kwa simu, kisha angoje bahati. Zawadi hiyo yatoka wapi kama si mifukoni mwa wengi waliokosa? Leseni huufanya mchezo uwe halali mbele ya askari, haiufanyi uwe halali mbele ya Mola.

Wazee wetu walilijua hili. Katika vitendawili, aliyeshindwa hutoa mji. Mwenziwe huondoka na Mombasa nzima, naye hulala na chakula chake tumboni.

Basi ndugu msomaji, kabla hujatuma shilingi zako, jiulize: nikishindwa, nitabaki na nilichokuwa nacho? Jibu likiwa la, zima redio ukanunue unga.