Ramani ya Kesho, Kalamu Mkononi mwa Nani?

Neno ramani katika Kiswahili chetu lina kazi mbili. Nahodha ana ramani ya pwani na miamba iliyokuwako kabla yeye hajazaliwa. Fundi mwashi naye ana ramani ya jumba ambalo halijapata hata jiwe moja la msingi. Ya kwanza yaeleza kilichopo. Ya pili yaeleza kinachotakiwa kiwepo. Mwenye kuzichanganya mbili hizi hupotea njia, na pengine hupoteza shamba.

Yafaa tulikumbuke jambo hili kila tunapoonyeshwa Lamu ya kesho. Mnamo Machi 2012, Rais Mwai Kibaki, Rais Salva Kiir wa Sudan Kusini na Waziri Mkuu Meles Zenawi wa Ethiopia walikutana Lamu kuzindua mradi wa LAPSSET. Ramani yake ilionyesha bandari ya gati 32, reli na bomba la mafuta la kwenda nchi jirani, kiwanda cha kusafishia mafuta, na miji ya watalii huko Lamu, Isiolo na Turkana. Gati ya kwanza ilifunguliwa Mei 2021, na zilizokamilika ni tatu. Reli na bomba zingali wino juu ya karatasi.

ZIWA LISILOKUWAKO

Ramani za mahali pasipokuwapo si jambo geni kwetu. Mwaka 1154, mwanachuoni al-Idrisi alimkamilishia Mfalme Roger wa Pili wa Sicily kitabu na ramani ya dunia. Kusini alikuweka juu, na pwani ya Zanji akaipinda kuelekea mashariki, hata Bahari ya Hindi ikafanana na ghuba ndefu. Hata hivyo Malindi na Mombasa alizitaja, kwa kuwa aliwauliza wasafiri. Makosa yake hayakumhamisha mtu kwake.

Kosa la karne ya kumi na tisa lilikuwa na miguu. Wamisionari Jakob Erhardt na Johannes Rebmann, waliokaa Rabai, waliwauliza wafanyabiashara wa pwani waliokuwa wakienda bara na misafara. Waliopita njia ya kaskazini walisema wamefika kwenye maji makuu. Wa njia ya kati wakasema hivyo hivyo, na wa kusini pia. Kila mmoja alisema kweli, maana huko kuna Nyanza, Tanganyika na Nyasa. Lakini wenye kalamu waliyaunganisha maji hayo yakawa ziwa moja, refu na nene kama konokono asiye na nyumba. Ramani hiyo ilipotoka mwaka 1856 iliwashangaza mabwana wa jiografia wa London. Mwaka uliofuata Burton na Speke wakaingia bara, na mwaka 1858 ikadhihirika kwamba Tanganyika ni mbali na Nyanza ni mbali.

Tazama basi: mashahidi walikuwa na haki, kosa likatoka kwa mchoraji. Juu ya hayo, ramani ya uongo iliweza kufungua njia ya kweli, na njia hiyo haikupitiwa na wapelelezi peke yao.

MSTARI WA MAILI KUMI

Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani ziliafikiana kwamba milki ya Sultani wa Zanzibar huku bara ni ukanda wa maili 10 kutoka baharini. Mstari huo haukufuata mto wala mpaka wa mashamba, ulifuata rula. Lakini kuchorwa kwake kulitosha kuufanya kweli, na ukanda ule ukadumu kwa jina la himaya hadi ulipounganishwa na Kenya mwaka 1963.

Kisha ikaja sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908. Kila mwenye ardhi pwani alitakiwa aje athibitishe dai lake. Isiyodaiwa ikahesabiwa kuwa ya serikali. Waliolima kwa urithi wa mababu bila karatasi wakajikuta hawamo katika ramani. Wangapi hata leo huitwa maskwota pale walipozikwa wazee wao?

WAVUVI MAHAKAMANI

Hapo ndipo uzito wa ramani ya Lamu ulipo. Bandari haina ubaya, na kijana wa Lamu ana haja ya kazi kama kijana wa kwingineko. Ubaya ni kuchora bahari kana kwamba ni karatasi tupu. Mkondo ulichimbwa ili meli kubwa zipite, na wavuvi wakapoteza maeneo ya kuvulia ambayo wao waliyajua kwa majina. Mwaka 2018 Mahakama Kuu iliona kwamba haki zao za mazingira, utamaduni na kupewa habari zimevunjwa, ikaamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76. Mwaka 2019, baraza la rufaa za mazingira nalo likafuta leseni ya kiwanda cha umeme wa makaa ya mawe huko huko Lamu, kwa kuwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo.

Funzo ni wazi. Ghaibu aijuaye ni Mwenyezi Mungu. Mchoraji wa ramani ya kesho hatabiri, bali ananuia. Na mwenye nia huweza kuulizwa. Nani amekaa nawe ulipochora? Mikoko umeiweka wapi? Makaburi je, na visima, na njia ya jahazi wakati wa kusi?

Wala haitoshi kuuliza tu. Wazee wanaojua kina cha kila mlango wa bahari wangali hai. Vijana wetu waliosoma upimaji wa ardhi nao hawakosekani. Wakae pamoja, wachore Lamu, Kilifi na Kwale za jana, za leo, na zile wanazozitaka miaka 50 ijayo. Ramani hiyo ipelekwe ofisini kabla ya ile nyingine kutiwa sahihi. Wahenga walikwisha kutuonya: asiyekuwapo na lake halipo.