Mchezaji wa Midimu na Daftari la Senema

Afapo mwigizaji mashuhuri wa Kiingereza, magazeti ya London huchapa orodha ya kazi zake, tangu jukwaa la kwanza hadi senema ya mwisho. Eric Portman, aliyefariki mwaka 1969, ni mfano unaowahusu Watanzania, maana katika Men of Two Worlds, senema ya mwaka 1946, aliigiza mkuu wa wilaya wa Kiingereza katika Tanganyika. Katika senema hiyo hiyo Kisenga, Mtanganyika mpiga piano, aliigizwa na Robert Adams, mzaliwa wa Guyana iliyokuwa chini ya Waingereza. Na mganga Magole akaigizwa na Orlando Martins wa Nijeria. Yaani hata Utanganyika wenyewe ulitafutiwa waigizaji kwingine.

Orodha si jambo baya. Ubaya ni kuifanya kipimo. Wako waandikao habari za uigizaji wa Tanzania ambao huanza na senema za mafunzo zilizotengenezwa Vugiri, Usambara, katikati ya miaka ya 1930, wakarukia Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, kisha wakatua kwa Kanumba, aliyefariki Aprili 2012. Asiyeandikwa jina hakuigiza! Kwa hesabu hiyo uwanda wote wa Makonde, Newala na jirani yake Masasi, haukupata kuzaa mwigizaji kabla ya senema kufika madukani.

Na atazamwe basi mchezaji wa midimu. Watoto watokapo jandoni, huja mtu aliyefunikwa nguo mwili mzima, ngozi isionekane, na usoni ana kinyago cha mti: pengine mzee, pengine Mwarabu, pengine bibi mwenye ndonya mdomoni. Mwingine huvaa kifuani ubao uliochongwa tumbo na maziwa ya mwanamke mja mzito, na aliyeuvaa ni mwanamume. Kazi yake ni kuuonyesha uzito ule: mwendo, mgongo, uchovu. Katika London ya Shakespeare wavulana waliigiza wanawake, na vyuo havikusita kuwaita waigizaji. Kwa nini mtu wa Newala aitwe mcheza ngoma tu?

Watajibu kwamba midimu ni mila, wala si sanaa; mchezaji hufuata kawaida ya wazee. Hoja hii ni dhaifu. Misiba ya kuigiza ya Wayunani ilichezwa katika sikukuu ya mungu wao Dionisio, na hakuna mwanachuoni aliyeiondoa katika historia ya tamthilia kwa sababu hiyo. Kawaida humpa mchezaji umbo la kazi; kuujaza mwendo ni juu yake.

Tena hata senema haikumkosa mtu wa nchi hiyo. Mwaka 1906, Vita vya Maji Maji vikiwa bado havijazimika kabisa, Karl Weule wa makumbusho ya Leipzig alitoka Lindi akaenda Masasi, kisha akapanda Newala, akiwa na fonografu na mashine ya kupigia picha za kwenda. Alizipiga ngoma za watu wale miaka ipatayo thelathini kabla ya Vugiri. Kitabu chake kilitoka mwaka 1908, nacho kimebeba jina la Weule. Wachezaji walibaki kuwa vielelezo vya kabila.

Hapo pana kunyamaza kwa namna mbili, na wataalamu huzichanganya. Kunyamaza kwa kwanza ni kwa jando: jina la mchezaji hufichwa kwa makusudi, ili asiyetiwa jandoni aone kiumbe asimwone jirani. Hiyo ni heshima ya kazi. Kunyamaza kwa pili ni kwa mkusanyaji, aliyeona kwamba jina halina haja kuulizwa. Huko ni kupuuza tu. Anayesema kwamba Wamakonde wenyewe hawakutaka majina anautumia ukimya wa kwanza kuufunika wa pili.

Wala haihitajiwi siri ya mtu kufichuliwa. Mwanafunzi wa tamthilia atokaye Dar es Salaam aweza kuandika ni sura gani ilichezwa, kijiji gani, mwaka gani, mchezaji aliupindaje mgongo chini ya ubao wa mja mzito, na kama alifundishwa na mchezaji aliyemtangulia. Na penye jina aache mstari mtupu, mpaka wenye ngoma waamue wenyewe kuujaza.