Usikubali Kuitwa Kufagia Vyuma!

Kijana wa Moa, shafti ya boti ya mzee ikikatika leo, spea unaifuata wapi? Ama Tanga mjini, ama unavuka Horohoro kwenda Mombasa. Na spea yenyewe mara nyingi imechongwa ng'ambo na mashine inayoongozwa na kompyuta. Fundi wa huko hazungushi tena usukani wa mashine kwa mkono. Programu inaandikwa, chuma kinakatwa.

Mashine hizi zilianzia Marekani. Mwaka 1952 chuo cha MIT kilionyesha hadharani mashine ya kukata chuma iliyofuata amri za utepe uliotobolewa matundu. Miaka ya 1970 zikaingia kompyuta ndogo, bei ikashuka, na fundi mmoja akaweza kusimamia mashine kadhaa.

Lakini sikiliza jambo ambalo wakubwa hawapendi ulijue. Njia zilikuwa mbili! Miaka ya 1940 kampuni ya General Electric ilijaribu mashine ya kunakili mkono wa fundi. Fundi anachonga kipande cha kwanza, utepe unarekodi, vinavyofuata mashine inarudia. Ujuzi ungebaki kwa fundi. Njia hiyo ikaachwa, ikashika ile ya mahesabu ya mainjinia ofisini. Kwenye viwanda vingi fundi mzoefu akageuzwa mbonyeza vitufe. Mashine haikumpokonya kitu. Waliompokonya ni watu walioamua!

Na sisi je? Kule Hai, Kilimanjaro, nchi hii ilijenga kiwanda cha kutengeneza mashine za viwanda kwa msaada wa Bulgaria. Tulitaka kujitengenezea mashine wenyewe! Zama za ubinafsishaji zikaja, kiwanda kikadorora miaka nenda rudi. Nani aliulizwa?

Tunasema wazi. VETA iliundwa kwa sheria ya 1994 ili mtoto wa mlalahoi apate ufundi. Basi kila mkoa, Tanga ikiwemo, uwe na mashine za kompyuta zinazofanya kazi, si picha ubaoni. Na kijana afundishwe kuandika programu, asiishie kubonyeza.

Nawe unayechonga vyuma gereji, usijidharau. Anayeandika programu bila kukijua chuma huvunja visu vya mashine. Mkono unao tayari. Dai hesabu, dai michoro, dai kompyuta. Ukikaa kimya, siku kiwanda kikifunguliwa utaitwa kweli, lakini utakabidhiwa ufagio!