Afya ya Nyumbani: Matumbo Yanapovimba Ndani



Katika Matendo ya Mitume, sura ya 28, twasoma habari za baba yake Publio, katika kisiwa cha Melita, aliyekuwa hawezi kwa homa na kuhara damu. Luka, aliyeiandika habari hiyo, alikuwa tabibu, naye hakuona haya kuutaja ugonjwa wa tumbo kwa jina lake. Mwezi huu twapenda kumfuata Luka katika jambo hilo. Maana katika nyumba zetu nyingi, tangu Tukuyu hata Kilolo, mtu akishikwa na maumivu husemwa, "Ni tumbo tu," au, "Ni chango." Na kwa kuwa jina ni moja kwa magonjwa yote, dawa nayo huwa moja, yaani dawa ya kuharisha. Yatupasa kusema wazi: dawa hiyo huweza kumwua mtu ambaye angalipona.

Kwanza tufahamu uvimbe ni nini. Mtu akichomwa na mwiba mguuni, mahali pale hupata moto, huwa pekundu, huvimba na kuuma. Si mwiba peke yake ufanyao hayo yote. Ni mwili wenyewe, upelekao damu nyingi pamoja na chembe nyeupe, ambazo ni kama askari, zipigane na vijidudu vilivyoingia. Ndani ya matumbo mambo ni vivyo hivyo. Lakini mguu una nafasi ya kuvimba, na macho yauona. Utumbo ni mrija mrefu uliokunjwa. Ukivimba, njia yake husongwa, wala hakuna auonaye. Tena ukuta wake ni mwembamba, unene wake ni milimita chache tu. Upande wa ndani mna vijidudu visivyohesabika. Upande wa nje ni mahali safi. Ukuta ukitoboka, uchafu humwagika mahali pale safi, na tumbo zima hushikwa na uvimbe. Hapo mtu yu karibu na mauti.

Basi, ni nini kinachovimbisha matumbo? Sababu ni nyingi, nasi tutataja nne zinazofaa kujulikana katika kila nyumba.

Ya kwanza ni kuhara damu. Huletwa na vijidudu viitwavyo shigela, au na amiba, ambavyo huingia kwa maji na chakula kilichochafuliwa na choo cha watu. Hushambulia utumbo mpana na kuufanyia vidonda, ndiyo sababu choo huwa na damu na makamasi. Amiba huweza hata kusafiri kwa damu mpaka ini, na kufanya jipu huko.

Ya pili ni homa ya matumbo, iitwayo taifodi. Vijidudu vyake hukaa katika sehemu ya mwisho ya utumbo mwembamba na kuivimbisha. Mgonjwa huwa na homa ipandayo siku kwa siku, kichwa huuma, na nguvu humwishia. Asipotibiwa, hatari kubwa huja hasa katika juma la 3: utumbo hutoka damu au hutoboka. Kwa hiyo aliyepewa dawa na aimalize yote kama alivyoagizwa, asiache kwa sababu homa imeshuka siku mbili. Tena aliyepona huweza kubaki na vijidudu mwilini, naye akipika bila kunawa mikono huwagawia wengine.

Ya tatu ni minyoo. Wale wakubwa, wanaofanana na nyungunyungu, wakiwa wengi katika mtoto huweza kujikusanya kama fundo na kuziba njia. Tumbo la mtoto hujaa, hutapika, wala hapati choo wala upepo.

Ya nne ni kidole tumbo, nayo ndiyo iliyotufanya tuandike habari hizi. Kidole tumbo ni mfuko mdogo, mwembamba kama kidole, ulioning'inia mahali utumbo mpana unapoanza, upande wa kuume chini. Mlango wake ukizibwa, pengine na choo kilichokuwa kigumu, pengine na uvimbe wa nyama zake, na mara nyingine na minyoo, vijidudu vilivyofungiwa ndani huzidi. Mfuko huvimba, damu haipiti vema, ukuta huanza kuoza, na baada ya siku moja au mbili huweza kupasuka. Ugonjwa huu huwapata watu wa umri wote, lakini zaidi watoto wakubwa na vijana, yaani wanafunzi wetu wa shule.

Sasa fikirini mgonjwa wa namna hii akipewa haluli, au mafuta ya mbarika, au mizizi iliyochemshwa ya kuharisha, au dawa ya kutiwa kwa njia ya haja kubwa. Dawa hizo hulazimisha matumbo kujikaza na kusukuma kwa nguvu. Mfuko uliovimba na kujaa usaha hausukumwi bila kupasuka. Mama aliyempa mwanawe dawa hiyo alimpa kwa upendo, wala hatumlaumu. Alidhani anautoa uchafu, kumbe ulimwagika ndani. Na jambo la kudanganya ni hili: mfuko ukipasuka, maumivu huweza kupungua kwa kitambo. Watu wa nyumbani hushukuru, husema dawa imefanya kazi. Kisha maumivu hurudi na kuenea tumbo zima.

Wako wanaosema kwamba ugonjwa wa kidole tumbo ni wa Wazungu. Neno hilo lina asili yake. Tabibu Denis Burkitt, Mkristo aliyefanya kazi ya upasuaji nchini Uganda hata mwaka 1966, aliona kwamba ulikuwa haba vijijini, lakini mwingi huko Ulaya. Alifikiri sababu ni chakula: watu wa vijijini walikula nafaka pamoja na makapi yake, maharage, mboga na ndizi, na choo chao kilikuwa laini. Wataalamu wa leo hawasemi kwamba hiyo ndiyo sababu pekee, lakini hakuna anayekana kwamba chakula cha namna hiyo huyafaa matumbo. Tukiacha dona na kula sembe nyeupe kila siku, twajinyima kitu chema bila faida. Hata hivyo, haba si kusema hapana. Kijana wa Rungwe au wa Mufindi huweza kushikwa na kidole tumbo kama kijana wa London, wala dona haimkingi asiupate kabisa.

Nao wakuu wa dunia hawakingwi. Mwaka 1902 Mfalme Edward wa Saba wa Uingereza alikuwa atawazwe tarehe 26 Juni, na wageni walikuwa wamekwisha kufika kutoka nchi nyingi. Siku mbili kabla, tarehe 24, tabibu Frederick Treves alimpasua tumbo na kutoa usaha wa jipu la kidole tumbo. Sherehe ikaahirishwa, mfalme akapona, akatawazwa tarehe 9 Agosti. Ikiwa taji ya ufalme iliweza kungoja, basi mavuno yaweza kungoja, arusi yaweza kungoja, na mtihani wa shule waweza kungoja.

Dalili za kidole tumbo ni hizi. Maumivu mara nyingi huanza karibu na kitovu, na baada ya saa kadhaa huhamia upande wa kuume chini. Mgonjwa hatamani chakula, huona kichefuchefu au hutapika, na homa huwa kidogo. Akitembea, akikohoa, au gari likirukaruka njiani, huumia zaidi. Hupenda kulala ametulia, amekunja miguu. Lakini si wote wanaofuata mfano huu, hasa watoto wadogo, wazee na wajawazito. Tena mwanamke aliyekosa siku zake, akipatwa na maumivu makali chini ya tumbo au kuzimia, huenda mimba imetungwa nje ya mfuko wa uzazi. Huyo naye asingojewe hata saa moja.

Kwa ajili ya hayo, kumbukeni kanuni hii. Maumivu ya tumbo yanayozidi kwa muda wa saa 6, au tumbo lililokuwa gumu kama ubao, au kutapika kusikokoma, au tumbo kujaa bila choo wala upepo, au damu katika choo, yote ni mambo ya hospitali, siku ile ile, ingawa ni usiku. Msimpe mgonjwa wa namna hiyo dawa ya kuharisha. Msimkande tumbo wala msimchue, wala msimchanje chale. Msimpe chakula, maana huenda akapasuliwa. Na kama alimeza dawa ya kutuliza maumivu, msidanganyike kwa utulivu wake. Mwambieni tabibu alimeza nini na saa ngapi.

Kuhara kwa kawaida ni jambo jingine, na hapo mgonjwa lazima anywe sana, kwa kuwa maji ya mwili ndiyo yanayomtoka. Kama hamna chumvichumvi ya pakiti kutoka zahanati, chukueni lita 1 ya maji yaliyochemshwa yakapoa, mtie vijiko vidogo 6 vya sukari na nusu kijiko kidogo cha chumvi, vyote vya kusawazishwa, mkoroge, mkampe kidogo kidogo. Mtoto anyonyaye asiachishwe ziwa.

Twajua shida zilizopo. Zahanati ya kijiji haina chumba cha upasuaji. Mbeya ina Hospitali ya Rufaa ya Kanda, na Iringa ina Hospitali ya Rufaa ya Mkoa. Tena ziko hospitali za misheni, kama Igogwe, Itete na Chimala upande wa Mbeya, na Tosamaganga na Ilula upande wa Iringa. Lakini wakati wa masika njia za milimani huteleza, na nauli haipatikani usiku. Zaidi ya hayo, mara nyingi mgonjwa hucheleweshwa na maneno. Baba amekwenda mnadani, na mama asema hawezi kukubali mwana apasuliwe bila baba. Shangazi ataka kwanza wazee waitwe. Na jua linakuchwa. Kwa hiyo twawasihi, nyumba za Kikristo, mfanye shauri hilo sasa, wakati wote ni wazima. Baba na aseme mbele ya jamaa zake, "Nisipokuwapo, neno la mama wa watoto ni neno langu." Na jirani mwenye pikipiki au gari na aombwe kabla ya siku ya shida. Kanisa nalo laweza kuwa na sanduku dogo la nauli za wagonjwa. Wazee wa kanisa na walifikiri.

Ama kuzuia, tuseme kwa ufupi. Maji ya milima yetu ni baridi na meupe, na mtu huyaona akadhani ni safi. Weupe si usafi. Mto uliopita mashambani na vijijini huchukua vya huko, uwe Kiwira au Ruaha Mdogo. Chemsheni maji ya kunywa. Choo kiwe na kifuniko, na mikono ioshwe kwa sabuni baada ya choo na kabla ya kupika na kula. Watoto wapewe dawa ya minyoo kwa wakati wake. Na mezani pawe na dona, maharage, mboga na matunda.

Walimu wapenzi, someni ukurasa huu mbele ya darasa, na mwanafunzi akisema tumbo linamwuma upande wa kuume, msidhani anaikimbia hesabu. Mpelekeni. Paulo alimwombea mgonjwa wa Melita, nasi tuwaombee wagonjwa wetu. Lakini maombi hayazuiwi na mwendo wa gari. Tuombe tukiwa njiani.

Mwezi ujao, Mungu akipenda, tutaandika juu ya kuchimba na kutunza choo cha nyumba.