Rejesho la mwezi si bei ya nyumba

Mhariri,

Mazungumzo ya mikopo ya nyumba hapa Tanzania huishia kwenye rejesho la mwezi. Jumla haitajwi. Mkopo wa shilingi milioni 50 kwa riba ya asilimia 15, miaka 20, una rejesho la 658,000 hivi kwa mwezi. Jumla yake mwishoni ni karibu milioni 158. Katika rejesho la kwanza, 625,000 ni riba tupu. Bima na ada ya uthamini bado!

Wapo watakaosema mpangaji naye hulipa kodi asipate hata tofali. Kweli, lakini mkopaji apime hilo akiwa na jumla mkononi, kabla ya kusaini. Benki Kuu iagize jumla hiyo iandikwe ukurasa wa kwanza wa mkataba, kwa Kiswahili. Maofisa mikopo, mnasemaje?

Msomaji,
Dodoma